Chaki Nne kwa Shangazi

Tarehe 4 Machi

Mwanangu mpendwa,

Naomba barua hii ikukute na afya njema na soksi kavu. Nasema soksi kwa sababu mama yako alipokuwa akinisomea ujumbe wako wa mwisho, aliishia kwenye soksi zilizoloa, akaanza kulia, na mengine sikuyasikia. Sisi huku wazima. Dada yako amepata kazi pale maktaba na sasa anatunyamazisha hata tukiwa mezani. Baba yako ameng'olewa jino, na kwa kuwa hakuruhusiwa kusema siku mbili, aliifungua redio ya sebuleni akaisafisha. Alipoifunga zilibaki skrubu tatu. Redio inaimba vizuri tu. Yeye anashikilia kwamba waliotengeneza walizidisha. Skrubu amezitia kwenye kikombe kisicho na mkono, juu ya kabati, na ukimuuliza habari zake anageukia ukutani.

Nakuandikia kwa karatasi kwa sababu simu ya huko kwenu inakatika kila nikikaribia jambo lenyewe. Jambo lenyewe ni hili.

Unaukumbuka mtambo wetu wa maabara: mnara wa chuma unaofika kifuani, juu yake rota kama ya helikopta, pembeni wavu, na kuta zilizovikwa magodoro ya sponji ili majirani wa idara ya sheria wapate kusikilizana. Ulipokuwa mwanafunzi rota ile ilikuwa na mapanga mawili. Mwaka jana tuliiondoa, tukafunga mpya ya mapanga manne, yenye ncha zilizopinda kidogo kuelekea nyuma. Ncha hizo ni kazi ya mwanafunzi wangu wa uzamivu, binti ambaye wenzake wanamwita Bi Takwimu. Amezichora, amezikokotoa, amezipaka gundi na kuzipiga msasa kwa mikono yake mpaka vidole vikatoka ngozi. Zikifanya kazi kama anavyoamini, helikopta ya wagonjwa itatetemeka nusu ya inavyotetemeka leo.

Lakini haziendi. Unajua kwamba kila panga lazima lipite pale pale lilipopita jingine, kwa kimo kile kile. Fikiria watu wanne waliobeba kitanda chenye mgonjwa: mmoja akiwa mrefu kuliko wenzake, mgonjwa anatikiswa kila hatua. Kamera inatuonyesha panga gani linapaa juu mno, nasi tunalishusha kwa kukaza kijiti chake cha chuma. Panga la kwanza na la tatu yanatii kama wanafunzi wa siku ya kwanza. La pili na la nne yametushinda. Siku moja yanakaribiana, siku ya pili yanaachana vibaya kuliko mwanzo. Kuwasha mtambo ni kazi ya nusu siku, hivyo kila mara tunarekebisha yote manne kwa pamoja. Tumebadilisha kamera. Tumebadilisha beringi. Bi Takwimu sasa anafikiri ncha zake ndizo mbovu.

Chuo kimetupa hadi tarehe 15 Septemba. Siku hiyo jopo litakuja kuangalia. Rota izunguke kwa kasi yake kamili na mtetemo ubaki chini ya mstari mwekundu. La sivyo mtambo utang'olewa, chumba kitawekwa viti vya mahafali, na binti huyu atalazimika kutafuta mada nyingine baada ya miaka minne. Mimi nastaafu mwakani, kwa hiyo wa kuhurumiwa si mimi.

Wewe unashika mapanga ya kweli kila siku. Ungekuwa hapa ungetazama wapi kwanza?

Shangazi yako


Tarehe 2 Aprili

Shikamoo Shangazi,

Barua yako imefika kwa helikopta, ndani ya gunia la vitunguu, na imenukia vitunguu tangu mwanzo hadi mwisho. Soksi ni kavu. Mwambie Mama kwamba nina jozi sita na jiko la kuzikaushia.

Kituo chetu ni kile kile: banda moja la ndege, vyumba vinne vya kulala, na mlima mbele ya mlango. Tuko saba. Wiki iliyopita tuliteremsha mtu aliyevunjika nyonga. Nilikwenda mwenyewe kwa sababu rubani alilalamika kwamba anasikia kitu kwenye usukani. Muuguzi wetu alijaribu kumchoma mgonjwa sindano ya mshipa mara tano tukiwa angani, akashindwa. Akaniambia, "Fundi, mshipa wake unacheza ngoma na mkono wangu unacheza nyingine." Rubani ikabidi atue kwenye uwanja wa mpira wa shule ili mgonjwa apigwe sindano moja. Watoto walifurahi sana. Mgonjwa hakufurahi.

Kwa hiyo mwambie Bi Takwimu kwamba kuna watu wanazisubiri ncha zake, hata kama hawajui jina lake.

Uliuliza ningetazama wapi. Nina swali moja tu. Namba za mapanga alizipaka nani, na kompyuta inahesabu kwa kufuata nini?

Msalimie Baba. Muulize kama skrubu zile ni za kichwa cha msalaba au cha mstari.

Mwanao


Tarehe 19 Aprili

Mwanangu,

Nimefurahi kwa soksi na nimemhurumia mwenye nyonga. Mama yako ameisoma barua yako mara mbili, ya pili kwa sauti mbele ya jirani. Skrubu ni za msalaba. Baba yako anasema ukitaka kumdharau umdharau uso kwa uso, si kwa kupitia kwangu.

Kuhusu swali lako: namba nilizipaka mimi mwenyewe, kwa rangi nyeupe, kwenye kitovu cha rota, moja hadi nne, kwa kufuata upande wa mzunguko, kama ninavyofundisha miaka yote. Programu ya kompyuta niliiandika mimi pia. Kwenye mhimili kuna sumaku ndogo inayoiarifu kompyuta kwamba panga la kwanza linapita mbele ya kamera. Baada ya hapo inahesabu la pili, la tatu, la nne, kadiri yanavyopita. Huko hakuna tatizo, mwanangu. Hilo ni jambo la darasa la mwanzo. Nilitarajia ungeniambia kitu kuhusu vijiti, au ulegevu wa bawaba, mambo ambayo ninyi watu wa spana mnayajua kwa kushika.

Tumeamua kufumua kitovu chote na kukipima upya. Itachukua wiki tano. Bi Takwimu amepungua. Anakunywa chai akiwa amesimama, kikombe mkononi, macho kwenye wavu.

Shangazi yako


Tarehe 30 Mei

Mwanangu,

Wiki sita hazina barua. Nimempigia mkuu wa kituo chenu, na kabla simu haijakatika nilisikia "mzima" na "ukungu". Nimeridhika na "mzima".

Kitovu tumekifumua, tumekipima, tumekirudisha. Hakina kasoro hata ya unywele. Juzi tuliwasha tena. La kwanza na la tatu sawa. La pili na la nne hayafai kusemwa.

Mkuu wa ndaki alipita, akasimama mlangoni akihesabu kwa macho viti vingapi vitaenea. Alikuwa mpole, na upole wake ndio ulioniudhi.

Baba yako hajambo. Redio imeanza kukoroma kila ikifika taarifa ya habari.

Nimeisoma tena nakala ya barua yangu ya Aprili. Huwa naweka nakala, unajua tabia yangu. Sijui kama ilikuwa na haraka fulani. Mwalimu aliyezoea kujibu maswali hufika mahali akajibu kabla swali halijatua.

Niandikie, hata mistari miwili.

Shangazi yako


Tarehe 17 Juni

Shikamoo Shangazi,

Nisamehe kwa kimya. Ukungu ulikuwepo kweli. Siku kumi na tisa hatukuweza kuruka, tukala wali mtupu mpaka mpishi akaona haya. Lakini siku nyingine zilikuwa na jua, na karatasi nilikuwa nayo. Niliandika barua tatu, zote nikawashia jiko. Hayo tuyaache.

Kutoka nyumbani nimesikia kwamba dada amepandishwa cheo na sasa ananyamazisha ghorofa mbili. Mpe hongera, kwa sauti ya chini.

Ndani ya bahasha hii kuna chaki nne, muuguzi amezifunga kwa bendeji ili zisivunjike. Nyekundu, kijani, njano, bluu. Nilipoanza kazi hapa, fundi mkuu wa zamani, mzee aliyestaafu sasa, alinionyesha jinsi walivyopatanisha mapanga kabla ya kamera. Kila ncha ilipakwa chaki ya rangi yake, mtu akasogeza kitambaa kilichotandazwa kwenye mlingoti mpaka ncha zikakigusa kidogo huku zikizunguka. Kitambaa kilibaki na alama za rangi, moja juu ya nyingine, nao wakasoma pale nani yuko juu na nani yuko chini. Mzee yule alikuwa na kovu la mkono kwa kazi hiyo, kwa hiyo ninyi msiifanye hivyo. Fanyeni hivi.

Zimeni umeme kabisa na mtie kufuli kwenye swichi. Panga lililoandikwa moja lipake chaki nyekundu nchani. La pili kijani. La tatu njano. La nne bluu. Chukua ukanda mrefu wa karatasi nyeupe, usimame pale ilipo kamera, usisimame mahali pengine. Bi Takwimu azungushe rota kwa mkono, polepole, kwa upande ule ule inaozunguka ikiwa na umeme. Kila ncha ikipita, iguse karatasi, kisha wewe vuta karatasi upana wa vidole viwili kungoja inayofuata. Zungusheni mara mbili kamili.

Halafu soma karatasi.

Sitaki kusema zaidi. Mara ya mwisho nilipokuambia jambo hili palikuwa na watu themanini ukumbini.

Mwanao


Tarehe 3 Julai

Mwanangu,

Leo naanza bila salamu. Watu wa nyumbani ni wazima na watanisamehe.

Bahasha yako ilifika jana saa nne asubuhi. Bi Takwimu aliitazama ile bendeji akauliza kama kuna mtu ameumia. Tulizima umeme, ufunguo wa kufuli nikautia shingoni. Nilisimama kwenye kamera na ukanda wa karatasi ya mashine ya kuchapishia, naye akaingia ndani ya wavu, akaweka kiganja chake kwenye kitovu, akasukuma.

Ikaja nyekundu. Nikavuta karatasi. Nilikuwa nimeshaanza kusema "kijani", mdomo umefunguka, na kwenye karatasi ikaandikwa bluu.

Nikamwambia, "Umezungusha kinyume."

Akasema, "Hapana Mwalimu, ni upande wake. Tazama mshale."

Ukanda uko mbele yangu sasa. Nyekundu, bluu, njano, kijani. Nyekundu, bluu, njano, kijani.

Acha nijieleze, kwa maana kueleza ndiyo kazi niliyoifanya miaka thelathini na moja na nadhani nina haki ya kuifanya mara hii pia. Watu wanne wanakimbia kuizunguka meza. Nimewapa namba kwa kufuata upande wanaokimbia: wa pili yuko mbele ya wa kwanza, wa tatu mbele ya wa pili, wa nne mbele ya wa tatu. Mimi nimesimama mlangoni. Wa kwanza akishapita, nani anafuata kupita mbele yangu? Yule aliye nyuma yake. Na aliye nyuma yake, kwa kuwa meza ni duara, ni wa nne. Mtoto mwenye miaka saba ataliona akizunguka meza. Mimi sikuizunguka meza. Nilichora duara ubaoni, nikaweka namba, na namba zilikaa vizuri mno hata sikuzishuku.

Kwa hiyo kompyuta iliposema "la pili liko juu", ilikuwa ikisema habari za la nne, nasi tukalishusha la pili lisilo na hatia. La kwanza na la tatu yalitii kwa sababu kwa utaratibu wowote la kwanza ni la kwanza na la tatu liko mkabala wake. Na kwa sababu tulirekebisha yote manne kwa pamoja, hatukuona kwamba tunamkanda huyu kwa maumivu ya yule. Rota ya zamani, yenye mapanga mawili, isingeweza kunifichua hata kwa miaka mia. Ukiwa na mawili, kwenda ni sawa na kurudi.

Sasa la ukumbini, ambalo wewe umelizunguka kwa adabu na mimi nimelizunguka kwa woga.

Ulikuwa mwaka wako wa pili. Nilichora rota ya mapanga manne ubaoni, nikasema yatapita mbele ya mtazamaji moja, mbili, tatu, nne. Wewe ulisimama safu ya tano, ukainua kidole hewani, ukakizungusha, ukasema, "Mwalimu, mbona kwangu yanapita kinyume?" Sikutaka ionekane nakupendelea kwa kuwa wewe ni mtoto wa kaka yangu. Hilo ndilo nililojiambia. Nikasema, "Humu tunahesabu kwa akili, kijana, si kwa kidole." Wakacheka wote. Wakakuita Kidole tangu siku hiyo, na mwisho wa mwaka ukaondoka, na kila baba yako aliponiuliza kisa nilimwambia sijui.

Nilikuwa najua sehemu. Jana ndipo nimejua kwamba juu ya yote ulikuwa sahihi.

Bi Takwimu aliukalia ule msingi wa zege ndani ya wavu akacheka, kisha akalia, kisha akaniuliza nani ametuma chaki. Nikamwambia ni fundi mmoja. Hilo pia halikuwa jibu kamili.

Shangazi


Tarehe 28 Julai

Shikamoo Shangazi,

Nimeisoma barua yako nimekaa juu ya tairi la akiba, nje ya banda, na muuguzi akauliza kama kuna msiba. Nikamwambia hapana, ni barua kutoka kwa mtu mkubwa.

Namaanisha hivyo. Nimefanya kazi na mafundi wazuri na marubani wazuri, na sijaona hata mmoja aliyeandika "nilikosea" bila kutia "lakini" mbele yake. Nimeitafuta "lakini" katika barua yako yote. Haipo.

Kuna kitu unakidhania ambacho si kweli, nami sitaki ukibebe bure. Sikuondoka kwa sababu ya kicheko. Nilipewa majina mabaya zaidi ya Kidole, mengine na dada yangu mwenyewe. Niliondoka kwa sababu nilikuamini. Siku ile nilirudi bwenini, nikachora duara langu, nikalizungusha, nikaona napata kinyume. Nikajiambia kwamba mtu anayechora mstari ulionyooka bila rula hawezi kukosea, basi mbovu ni mimi. Nikafuta langu nikaandika lako. Mwezi wa sita swali lile likaja kwenye mtihani. Niliandika moja, mbili, tatu, nne. Ukanipa alama zote.

Nilikaa kitandani na alama zile kichwani. Nikawaza: kama naweza kuona kitu kwa macho yangu, nikakifuta, na nikapongezwa kwa kukifuta, siku moja nitakifuta kitu chenye watu ndani. Nikaenda mahali ambapo panga likiwa juu, unalisikia kwenye meno. Hapa hakuna wa kunipa alama. Ndiyo maana sikukueleza. Ningekueleza nini? Kwamba nimeondoka kwa kufaulu?

Basi. Sasa shughulika na tarehe 15. Badilisheni programu, msipake namba upya, kwa sababu watu wameshazizoea na mazoea ya mkono ni magumu kubadilika. Na rekebisheni panga moja kila mnapowasha, hata kama ni nusu siku kila moja. Bi Takwimu atachoka. Mwambie kwamba muuguzi wetu anamsubiri, na kwamba amekusanya majina ya wagonjwa wote ambao mishipa yao ilicheza mwaka huu. Ni ishirini na sita. Ameandika orodha nyuma ya kalenda.

Mwanao


Tarehe 20 Septemba

Mwanangu,

Salamu kutoka kwa wote. Mama yako amekufumia soksi, jozi nne, zinakuja kwa bahasha nyingine kwa kuwa hii imejaa. Redio imenyamaza kabisa. Baba yako alitia skrubu moja kati ya zile tatu, kwa siri, na tangu hapo haijasema neno. Anasema huo ni ushahidi kwamba ilikuwa imezidi.

Jopo lilikuja watu watano, na mkuu wa ndaki wa sita. Niliwaomba wakae nje ya kioo, kisha, kabla ya kuwasha chochote, niliwaonyesha ukanda wa karatasi wenye rangi nne. Niliwaeleza meza na watu wanaokimbia. Mmoja wao, mhandisi mzee kuliko mimi, alianza kuzungusha kidole chini ya meza akidhani simwoni.

Mkuu wa ndaki akauliza, "Kosa lilikuwa la nani?"

Nikasema, "Langu. Nimelifundisha miaka kumi na minne."

Akauliza, "Na aliyeligundua?"

Nikasema, "Mwanafunzi wa mwaka wa pili."

"Mwaka huu?"

"Hapana. Aligundua kabla rota hii haijafungwa. Mimi ndiye niliyechelewa kusikia."

Kisha Bi Takwimu akawasha. Unaujua mlio ule, unavyoanza kama mtu anayepumua mlangoni na kuishia kama nguo kubwa inayochanika bila kwisha. Mizunguko mia tatu, mia sita, mia tisa. Nilikuwa nimeweka kikombe cha maji juu ya sanduku la nyaya, kinyume na kanuni zangu zote. Nilitazama maji badala ya skrini. Yalikuwa na mikunjo midogo, kama uso wa mtu anayetaka kutabasamu, basi. Bi Takwimu akasema kwa sauti ndogo, "Mwalimu, geuka." Mstari ulikuwa chini ya ule mwekundu, chini sana, hata mhandisi mzee akauliza kama kifaa kimewashwa.

Maabara imebaki. Binti ameanza kuandika tasnifu yake, na ukurasa wa shukrani una muuguzi na wagonjwa ishirini na sita. Viti vya mahafali vimepelekwa idara ya sheria.

Jumatatu iliyofuata niliingia ukumbi ule ule, wanafunzi tisini sasa. Nilichora rota ya mapanga manne. Nikawaambia wasimame wote, wainue kidole, wakizungushe, na wasikae mpaka kidole kiwaambie nani anapita baada ya wa kwanza. Wengine walikaa haraka kwa kufuata jirani. Niliwasimamisha tena.

Sasa kuna jambo la kiofisi. Karatasi za mitihani huwekwa miaka kumi kwenye chumba cha chini, na ufunguo ninao. Nimeipata yako. Swali la nne, moja, mbili, tatu, nne, na alama yangu ya vema, nzuri kweli, na "vizuri sana" pembeni. Nimeikata. Jibu si sahihi. Nimekunyang'anya alama nne, nimetia sahihi na tarehe, na mkuu wa ndaki ameshuhudia, ingawa alisema hajawahi kuona kitu kama hicho. Hukufaulu swali lile, mwanangu, na hakuna anayeweza kukulaumu kwamba umefaulu.

Kanuni zinasema alama ulizopoteza unaweza kuzirudisha, ila kwa kufika mwenyewe. Fomu ya kurejea masomo imo humu, pamoja na nakala ya karatasi yako. Nimebakisha muhula mmoja na nusu kabla ya kustaafu. Sikulazimishi. Najua helikopta zako zinakuhitaji na najua muuguzi atanichukia. Nimeiweka tu ndani ya bahasha, kama wewe ulivyoweka chaki.

Shangazi yako


Tarehe 11 Oktoba

Shikamoo Shangazi,

Soksi zimefika, nimevaa jozi mbili kwa pamoja. Huku baridi imeanza kushuka kutoka mlimani na mpishi ameanza kutupenda tena.

Nakala ya karatasi ya mtihani nimeibandika ndani ya mlango wa kabati la spana, upande wa alama iliyokatwa. Rubani alisoma akasema shangazi yako ni mkali. Nikamwambia hujui hata nusu yake.

Mkuu wa kituo amenipa ruhusa ya miaka miwili. Amesema nikirudi bila ncha zilizopinda nisiteremke kwenye helikopta. Muuguzi hakukuchukia, amenipa ile kalenda yenye orodha nimpelekee Bi Takwimu, na ameongeza majina mawili ya mwezi huu.

Nitafika wiki ya kwanza ya Januari. Nitakaa safu ya tano, kama bado ipo. Nikiuliza kitu usinipendelee.

Mwambie Baba asiiguse redio mpaka nifike, na asitupe zile skrubu mbili zilizobaki. Ile ya tatu, aliyoitia kwa siri, nadhani imeshika waya usiokuwa wake. Mwambie kwa upole. Mwambie hata Shangazi ilimchukua miaka kumi na minne.

Fomu nimeijaza yote kwa wino mweusi kama walivyotaka. Kwenye mstari wa mwisho waliuliza kama nina jina jingine nililojulikana nalo chuoni. Nilikaa nalo kwa muda, kalamu mkononi. Kisha nikaliandika, kwa herufi kubwa, nami nalitia hapa pia ili ulizoee kabla ya Januari.

Wako,
Kidole